Nimehamia maziwa ya soya, nyumba nzima imenigeuka

SWALI

Shikamoo shangazi. Natumai u mzima na wa nyumbani hawajambo. Mimi ni msomaji wako wa siku nyingi, nakaa Makorora hapa Tanga, nimeolewa na nina watoto watatu. Mkubwa yuko darasa la nne, wa pili ni wa kiume ana miaka mitano, na kitinda mimba ana miezi minane.

Shangazi, mimi maziwa yamenikataa. Utotoni kwetu Pongwe tulifuga, haikupita siku bila kikombe cha maziwa, na sikuwa na tatizo lolote. Lakini ukubwani, na zaidi baada ya kumzaa huyu wa pili, nikinywa chai ya maziwa asubuhi haifiki saa nne tumbo limejaa gesi, linanguruma mpaka wateja wananitazama, kisha naendesha. Nauza madira na vitenge kwenye kibanda karibu na soko la Mgandini, na choo ni cha kulipia tena kiko mbali. Adha yake utaielewa.

Sasa kuna jirani yangu alianza kutengeneza maziwa ya soya kwake na kuyauza kwenye chupa za maji zilizokwisha kutumika. Akanionjesha, nikayapenda, na tumbo likatulia. Nikaona nimepata ufumbuzi, nikahamisha nyumba nzima. Maziwa ya ng'ombe nimeacha kununua kabisa. Jirani anasema soya ina kila kilichomo kwenye maziwa na zaidi, inashusha presha na sukari, inayeyusha uvimbe wa tumbo la uzazi, na mtoto akilelewa nayo anakuwa na akili sana darasani.

Hata huyu mdogo nampa. Nilirudi kibandani alipotimiza miezi sita. Mchana namwachia dada wa kazi chupa mbili za soya zenye sukari kidogo, usiku nanyonyesha mwenyewe. Maziwa ya ng'ombe niliogopa kumpa, nikidhani amerithi tumbo langu. Soya anaipenda. Ila kliniki mara mbili hizi nesi ameniambia mstari wa uzito kwenye kadi haupandi, umelala. Sikumwambia habari za soya, niliona aibu, nikasema tu anakula vizuri.

Ugomvi wenyewe sasa. Mume wangu ni dereva wa lori, na kijiweni wamemwambia soya ina homoni za kike, mwanamume akinywa anaota matiti na nguvu zinamwisha. Amegoma kunywa na amenikataza kumpa yule wa kiume. Anasema hivyo ni vitu vya Wachina vilivyoingia juzi. Wifi yangu amesikia inaleta saratani ya titi. Mama mkwe tunakaa naye, yeye anaipenda sana, ila ana tatizo la tezi ya shingo, na kile kidonge chake cha kila asubuhi anakimeza na kikombe cha soya, eti kisimkwangue tumbo.

Nani mkweli hapa, shangazi? Soya ni maziwa au si maziwa? Nirudi kwa ng'ombe na adha yangu? Na huyu mume nimjibu nini?

Mama Watatu, Makorora

JIBU

Marahaba mwanangu. Umeuliza mengi, na mume na wifi na jirani wote watapata zamu yao, lakini nitaanza na huyo wa miezi minane kwa sababu yeye hana muda wa kungoja ugomvi wenu uishe.

Leo hii acha kumpa soya ya chupa badala ya maziwa. Soya kama chakula si sumu kwake, ila hiyo anayopewa inakaa mahali pa kitu kikubwa zaidi. Mtoto wa umri wake bado anatakiwa apate sehemu kubwa ya nguvu zake kwenye ziwa la mama. Kati ya miezi 6 na 12 maziwa ya mama yanaweza kumpa nusu ya nguvu anayohitaji, au zaidi ya hapo. Wewe mchana kutwa umemwondolea hiyo, ukamwekea maji ya soya yaliyochujwa na sukari. Ndani yake kuna protini, sikatai. Lakini vitamini B12 hamna. Vitamini A ni kama hakuna. Kalsiamu ni kidogo mno. Madini ya chuma yamo, ila soya ina kitu kiitwacho fitati kinachoyashika madini hayo, na zinki pamoja nayo, yasisharabiwe vizuri tumboni. Juu ya hayo, tumbo la mtoto wa miezi minane ni dogo: chupa mbili zikishaingia, uji haupati nafasi. Dada anakwambia mtoto ameshiba, na kweli ameshiba. Mstari wa kadi ndio unaosema ameshiba nini.

Usiichanganye hiyo soya ya jirani na maziwa ya kopo ya watoto wachanga yanayotengenezwa kwa soya. Hayo ya kopo ni kitu kingine kabisa, yamepimwa na kuongezwa vitamini, madini na mafuta ili mtoto aweze kukua kwayo, na hutolewa kwa sababu maalumu, kwa mfano mtoto mwenye mzio wa protini ya maziwa ya ng'ombe. Hata huko viwandani kosa dogo linaua. Mwaka 2003 huko Israel maziwa ya kopo ya soya yaliuzwa yakiwa yamepungukiwa vitamini B1. Watoto wachanga walikufa na wengine wakabaki na madhara ya ubongo ya kudumu. Vitamini moja tu, mwanangu. Kwenye chupa ya jirani yako zinakosekana kadhaa.

Kuhusu kurithi tumbo, hofu yako imeelekea upande usio wake. Sukari ya maziwa, laktosi, ndiyo inayokusumbua wewe, na maziwa yako mwenyewe unayomnyonyesha usiku yana laktosi nyingi kuliko ya ng'ombe: karibu gramu 7 kwa kila mililita 100, wakati ya ng'ombe ni kama gramu 4.7. Angekuwa na tumbo lako, angekuwa anaumwa kila usiku akishanyonya. Watoto wengi huzaliwa na uwezo kamili wa kuimeng'enya sukari hiyo. Kwa wengi wetu uwezo hupungua polepole baadaye, tukishakua, kama ulivyopungua kwako.

Basi fanya hivi. Mnyonyeshe kabla hujatoka, mnyonyeshe ukirudi kabla hata ya kuvua baibui, na usiku aendelee kama kawaida. Ikiwezekana dada amlete kibandani mara moja mchana. Wanawake wangapi Mgandini pale wananyonyesha nyuma ya khanga huku wanapokea hela? Isipowezekana, kamua asubuhi uache kwenye kikombe safi chenye mfuniko. Mahali pasipo na jokofu maziwa ya mama hukaa kama saa tatu au nne hivi, na kwa joto letu la Tanga usivute mpaka mwisho wa hapo. Kwenye jokofu hufika siku nne. Ampe kwa kikombe na kijiko, chupa ya chuchu ni kazi kubwa kuisafisha na hubeba wadudu wa kuharisha.

Chakula nacho. Uji uwe mzito, ule unaokaa kwenye kijiko bila kumwagika. Weka dagaa waliosagwa, au yai, au samaki aliyechambuliwa miba vizuri, boga, mchicha uliopondwa, kijiko cha mafuta au tui. Milo mitatu, na akikaribia mwaka iwe minne. Hapa soya inaruhusiwa kurudi, kwa sababu iko ndani ya chakula: unga wa lishe wenye soya iliyochemshwa au kukaangwa vizuri kabla ya kusagwa ni mzuri kwake. Huo unga ununue kwa mtu unayemjua au usage mwenyewe, na karanga na mahindi yenye ukungu usiyatie hata kama ni ya bei rahisi. Sumukuvu haiondoki kwa kupika, na mwaka 2016 iliua watu Dodoma na Manyara.

Kama maziwa yako ya kukamua hayatoshi, kwa umri huu maziwa ya mnyama yaliyochemshwa yanaweza kujazia. Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2023 unasema mtoto wa miezi 6 hadi 11 anayepewa maziwa mengine zaidi ya ya mama anaweza kupewa ya kopo au ya mnyama. Vinywaji vya mimea havimo kwenye orodha hiyo. Lakini kabla ya kuchagua, rudi kliniki wiki hii, usingoje tarehe ya kadi, umweleze yule nesi ukweli wote na chupa zote mbili. Amekwisha ona makubwa kuliko soya. Atampima, na akiona haja atawaandikia mwende hospitali ya Bombo.

Sasa tumbo lako. Ulivyoeleza, kupoteza uwezo ukubwani, gesi, kunguruma na kuendesha saa chache baada ya chai ya maziwa, ndiyo sura ya kawaida ya kutomeng'enya laktosi. Utumbo mwembamba umepunguza kimeng'enya cha kuivunja. Sukari inateremka nzima mpaka utumbo mpana, bakteria wa huko wanaichachua, gesi inazaliwa na maji yanavutwa ndani. Inaudhi ila haikuharibu utumbo. Na wala hauko peke yako, kiasi cha theluthi mbili ya watu wazima duniani wako hivyo kwa viwango tofauti. Ungeniandikia kwamba unapungua uzito, unaona damu chooni, au unavimba midomo na kubanwa kifua ukinywa maziwa, ningekwambia habari nyingine na ningekutuma hospitali kwanza.

Lakini nani alikwambia lazima uyaache yote? Wengi wenye tumbo hilo wanavumilia kikombe kimoja kikinywewa pamoja na chakula na kugawanywa mara mbili kwa siku. Na mtindi! Wewe unakaa Tanga, mji wa Tanga Fresh, mji ambao mtindi unapatikana kila duka la mtaani, halafu unahangaika na chupa za maji. Kwenye mtindi bakteria wamekwisha kula sehemu ya laktosi, na walio hai humo wanaendelea kukusaidia kuimeng'enya ukishameza. Kalsiamu haijaguswa, protini haijaguswa. Anza na nusu kikombe baada ya chakula cha mchana, siku ambayo hufungui kibanda kama una wasiwasi, na usiwe ule uliojaa sukari. Mimi mwenyewe ni mtu wa mtindi na ugali wa moto, kwa hiyo hapa nakiri naegemea upande.

Kisha uliniuliza kama soya ni maziwa. Kwa protini, inakaribia sana. Punje kavu ya soya ina protini kama asilimia 36, na ni protini kamili, yenye zile asidi amino zote ambazo mwili hauwezi kujitengenezea, jambo ambalo maharage ya kawaida yanapungukiwa. Kikombe cha mililita 250 cha soya iliyotengenezwa vizuri kina gramu 7 hivi za protini, cha ng'ombe kina 8. Mafuta ya soya ni mepesi kwa moyo kuliko ya ng'ombe, na kolesteroli haina kabisa. Laktosi haina, ndiyo maana tumbo lako lilitulia. Kwa vinywaji vyote vya mimea, soya ndiyo inayoyafuata maziwa kwa karibu zaidi. Tui la nazi, ambalo sisi watu wa pwani tungelipenda lishinde, lina mafuta mengi na protini kiduchu.

Kwenye kalsiamu ndipo inapoachwa nyuma. Kikombe kile kile cha maziwa ya ng'ombe kina karibu miligramu 300. Cha soya ya nyumbani kina kama 60, au pungufu jirani akiongeza maji, na mtu mzima anahitaji kama 1,000 kwa siku. Zile soya za boksi za dukani nyingi huongezwa kalsiamu, kwa kawaida miligramu 120 kwa mililita 100, pamoja na vitamini D na B12, ila si zote, na hapo dawa ni kusoma maandishi ya ubavuni. Ukiona haijaandikwa, hesabu kwamba haimo. Ukiona imeandikwa, tikisa boksi kabla ya kumimina kwa sababu kalsiamu hutuama chini, na mwenye kumwaga masalia ndiye aliyemwaga faida. Tazama pia sukari iliyotiwa.

Kwa hiyo wewe, mama anayenyonyesha, ukinywa soya ya nyumbani bila kitu kingine cha kuziba pengo la kalsiamu, mifupa yako ndiyo itakayolipa. Cha kuziba nacho kipo na si ghali: dagaa wanaoliwa na mifupa yao, mtindi, ufuta usiokobolewa, ubuyu, mboga za majani. B12 isikusumbue maadamu nyumbani mnakula samaki na mayai. Hiyo ni ya kuwaumiza kichwa wale wasiogusa chochote cha mnyama. Madini ya chuma ndiyo ya kuangalia. Kikombe cha soya na chai ya rangi pamoja na mlo wako wa mboga ni kuyafungia mlango mara mbili. Chai isogeze mbali na chakula, na mlo umalizie na chungwa la Muheza au kamua ndimu kwenye mboga, vitamini C yake inafungua kile ambacho fitati imekishika.

Nije kwa jirani na chupa zake. Sina ugomvi na mwanamke anayejitafutia riziki, lakini soya ina masharti ambayo maziwa hayana. Ikiwa mbichi au nusu mbichi ina vizuizi vinavyozuia vimeng'enya vya tumbo kuvunja protini, na mtu hupata kichefuchefu, tumbo la kukata na kuharisha. Moto ndio unaoviua. Na hapa ndipo wengi wanapokosea: soya hutoa povu na kufurika kabla haijachemka sawasawa, mpishi anadhani imeiva, anaepua. Haijaiva. Inatakiwa upunguze moto, ukoroge povu litulie, kisha ichemke dakika 20 huku unakoroga isigande chini. Kabla ya hapo punje ziloweke usiku kucha, maji yale uyamwage, hayo huondoka na sehemu ya sukari zinazoleta gesi, umenye maganda, usage na maji safi, kikombe kimoja cha punje kavu kwa vikombe saba au nane vya maji, uchuje kwa kitambaa. Ukisagia maji ya moto, ile harufu ya maharage mabichi inapungua. Tia chumvi punje chache na iliki. Makapi usitupe, changanya kwenye kababu au unga wa chapati.

Ndiyo, nakushauri utengeneze mwenyewe. Soya ya Mgandini utaipata, nyingi inashuka kutoka Ruvuma, Njombe na mikoa ya huko kusini, na kilo moja inakupa lita nyingi. Kinywaji hiki hakina uchachu wa kujilinda, kikikaa juani kwenye chupa iliyotumika na kuoshwa na maji ya bomba, ndani ya saa chache ni shamba la bakteria. Kwenye jokofu kimalize ndani ya siku mbili tatu. Ukiendelea kununua kwa jirani, muulize anachemsha muda gani, na ukifika nyumbani kichemshe tena. Hilo nakwambia hata kwa maziwa ya ng'ombe ya muuza baiskeli: mabichi hubeba brusela na kifua kikuu.

Yale matangazo mengine ya jirani yako ni ya biashara. Kwenye mafuta ya damu kuna ukweli mdogo: protini ya soya hushusha kolesteroli mbaya kwa asilimia 3 au 4 hivi. Mwaka 1999 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani iliruhusu watengenezaji waandike kwamba gramu 25 za protini ya soya kwa siku zinaweza kupunguza hatari ya maradhi ya moyo, na mwaka 2017 mamlaka hiyo hiyo ikapendekeza ruhusa hiyo iondolewe kwa kuwa ushahidi haukuwa na nguvu iliyodhaniwa. Hapo ndipo ilipo. Asiachishwe mtu kidonge cha presha wala cha sukari kwa sababu ya chupa. Uvimbe wa tumbo la uzazi hauyeyushwi na soya, na kuhusu akili za watoto mmoja wako yuko darasa la nne, msaidie kazi za shule.

Mume. Mwambie kwanza hizo habari za Wachina wa juzi azipunguze. Wajerumani waliipanda soya pale Amani, Usambara Mashariki, juu ya Muheza, mwaka 1907. Pengine imo mkoani mwetu kabla babu yake hajazaliwa.

Habari ya homoni haikuzuka hewani. Soya ina isoflavoni, ambazo umbo lake linafanana kidogo na estrojeni, homoni ya kike. Ni mgeni aliyekalia kiti cha mwenye nyumba, lakini amri ya nyumba hana: nguvu yake ni ndogo mno ukilinganisha na homoni yenyewe. Watafiti wamekusanya majaribio mengi waliyofanyiwa wanaume na kuyachambua kwa pamoja, mara moja mwaka 2010 na tena 2021, na soya haikuonekana kushusha homoni ya kiume. Kisa ambacho vijiwe hukitia chumvi kipo kweli. Mwaka 2008 madaktari waliandika habari za mwanamume wa miaka 60 aliyeota matiti, wakagundua anakunywa karibu lita tatu za soya kila siku. Alipoacha, maumivu ya matiti yakaisha na homoni yake ikarudi polepole kuwa ya kawaida. Lita tatu kila siku, mwanangu! Huyo dereva wako anayekataa hata kikombe hana safari ya kufika huko. Kama hataki tu ladha yake, ni haki yake, mwache na chai yake.

Yule wa kiume wa miaka mitano na mkubwa wake wa darasa la nne, sioni kwa nini uliwaachisha maziwa ya ng'ombe. Walikuwa wanaumwa? Hukusema. Warudishie maziwa yaliyochemshwa au mtindi, na soya wapate kama nyongeza wakipenda, kikombe kimoja kwa siku hakitamgeuza mtoto wa mtu. Hapo mume wako amekosea sababu, ila kurudisha maziwa kwenye jagi la watoto ni sawa. Mpe ushindi huo, ndoa ipumue.

Wifi naye muondoe hofu. Tafiti za watu wanaokula soya kama chakula hazijaonyesha kwamba inaongeza saratani ya titi, na baadhi yake, hasa za wanawake wa Asia wanaoila tangu utotoni, zimeelekea kuonyesha hatari ndogo kidogo. Vidonge vya isoflavoni vinavyouzwa kwa wanawake wa makamo ni jambo jingine, hivyo asivinunue bila daktari.

Nimemwacha mama mkwe mwisho, lakini baada ya mtoto yeye ndiye wa haraka. Kidonge cha tezi na soya haviendi pamoja. Soya hupunguza kiasi cha dawa kinachoingia mwilini, na vivyo hivyo hufanya maziwa, vidonge vya kalsiamu na vidonge vya kuongeza damu. Mkishazungumza na daktari wake, akimeze kwa maji matupu, tumbo likiwa halina kitu, nusu saa au saa nzima kabla ya kifungua kinywa. Soya yake aisogeze mpaka mchana, saa nne hivi zipite kati ya kidonge na kikombe. Kuiacha kabisa si lazima. Chumvi ya nyumbani iwe yenye madini joto.

Ila kuna jambo moja msilifanye wenyewe. Kwa muda huu wote dawa imekuwa ikiingia nusunusu, na inawezekana daktari aliona kipimo cha damu kimeyumba akamwongezea dozi bila kujua habari ya soya. Sasa mkiitenga soya ghafla, dozi ile ile inaweza kuwa kubwa, akaanza moyo kwenda mbio, jasho na kukosa usingizi. Kwa hiyo tangulieni kumwambia daktari wake, apange kipimo kingine baada ya wiki sita hivi. Mkwe mwenyewe akienda atasema tu anameza dawa vizuri, hatakumbuka kutaja kikombe. Funga kibanda asubuhi hiyo, nenda naye wewe.